Obama, Lupita, Kamau na yule kaka wa maiki kibandani

Jumatatu ile ya Septemba 2025 nimeingia kazini macho mekundu kama nimetoka mkesha wa msiba, bosi akaniuliza vipi kijana kuna tatizo nyumbani, nikamwambia hamna bosi ni mbu tu. Sasa ningemwambiaje ukweli? Kwamba nimeweka alamu mbili, nimenunua bando la usiku, nimeamka nikakaa sebuleni na blanketi kuangalia Wamarekani nisiowajua wanapeana tuzo? Emmy jamani, tuzo za televisheni za Marekani. Kule Los Angeles ilikuwa saa kumi na moja jioni ya Jumapili, jua bado linawaka watu wanapita kwenye zulia jekundu na magauni yao, huku Tabata ni saa tisa usiku mbwa wa jirani anabweka na mama watoto ameshanitangazia kwamba nikipiga kelele nitahamia sebuleni moja kwa moja.

Na hapo ni afadhali. Zile za 2023 zilisogezwa mbele kwa sababu waandishi na waigizaji walikuwa wamegoma, zikaja kufanyika Januari 15, 2024, na ukifika wakati wa baridi wenzetu saa zao wanazisogeza, zetu zimetulia tu hapo hapo ikweta, kwa hiyo zikaanza saa kumi alfajiri. Nikaangalia mpaka adhana ikapita, mpaka jua likatoka, nikaenda kuoga nikapanda daladala. Mwaka huo huo Septemba zikafanyika tena za 2024, yani mwaka mmoja nimekesha mara mbili, na hakuna hata mtu mmoja ofisini wa kumhadithia.

Turudi kwenye hizi za 2025. Emsii alikuwa Nate Bargatze, mchekeshaji mpole mpole hivi, akaja na mbinu ambayo nadhani ma-emsii wa harusi wa Dar wangeiiba kesho yake. Kasema atatoa dola 100,000 kwa chama cha watoto kinaitwa Boys & Girls Club, ila kila mshindi ana sekunde 45 za kushukuru, ukizidisha kila sekunde inakatwa dola 1,000, ukimaliza mapema anaongeza. Basi bwana, watu hawakujali kabisa! Mtu anashukuru wakala wake, mwanasheria wake, mbwa wake, namba pale kwenye skrini inashuka tu, mpaka ikapita sifuri ikawa deni, yani watoto ndo wanadaiwa. Mwishoni akalainika akatoa 250,000 zake na kituo cha CBS kikaongeza 100,000, lakini mi nilikuwa nimeshacheka mpaka mama watoto kagonga ukuta.

Alafu akapanda yule dogo wa Adolescence, Owen Cooper, Mwingereza, miaka 15, hajawahi kuigiza popote kabla ya hapo, kabeba tuzo ya muigizaji msaidizi na kawa mwanaume mdogo kuliko wote kuwahi kushinda Emmy ya uigizaji. Hapo nilitoa chozi kidogo sitaki kudanganya. Kama hujaiona ile sirizi iangalie, kila episodi imepigwa kwa mkupuo mmoja, kamera haikatwi hata mara moja, inaingia nyumbani inatoka inapanda gari inaingia kituo cha polisi, na wewe unasahau kupumua.

Ila nachotaka kuongea leo sio hicho. Mi kipengele changu huwa hakioneshwi usiku ule mkubwa. Watu wengi hawajui kwamba Emmy ina vipengele zaidi ya 100, haviwezi kuenea kwenye masaa matatu ya tivii, kwa hiyo wanachukua vile vya mastaa wanaviweka Jumapili ile, alafu vingine vyote, wahariri, mafundi sauti, washona nguo, wapaka make-up, wapiga picha, vinatolewa wikiendi ya kabla yake kwenye sherehe wanaiita Creative Arts Emmys. Ni kama kwenye harusi, wapishi wanakula jikoni kabla wageni hawajafika. Na huko jikoni ndiko kuna kipengele cha msimulizi bora. Msimulizi! Yule ambaye humuoni, unasikia sauti tu inakwambia simba huyu ana njaa siku ya tatu.

Mwaka 2022 kipengele hicho kilikuwa na watu watano, naomba uwasome taratibu. David Attenborough, babu wa wanyama wa dunia nzima, huyo kawaida. Kareem Abdul-Jabbar, yule mrefu wa kikapu. W. Kamau Bell, mchekeshaji, Mmarekani mzaliwa wa California lakini jina ndo hilo, Kamau. Lupita Nyong'o. Na Barack Obama.

Yani Kamau, Nyong'o na Obama kwenye orodha moja ya watu watano, huko Los Angeles! Hiyo sio tuzo, hicho ni kikao cha harambee. Wakenya wangeweza kuagiza matatu.

Na utamu hauishii kwenye majina. Lupita alikuwa anawania kwa Serengeti II, sehemu ya pili ya ile sirizi ya wanyama ya Serengeti yetu hii hii, na hata ile ya kwanza alishaiwania mwaka 2020 akashindwa na babu Attenborough. Obama kasimulia Our Great National Parks ya Netflix, mbuga za dunia, na episodi moja nzima ni ya Tsavo, Kenya. Kwa hiyo ukiitazama vizuri ni binti aliyekulia Kenya anasimulia wanyama wa Tanzania, anashindana na mtoto wa baba wa Kogelo anayesimulia wanyama wa Kenya, wanaamuliwa na Wamarekani. Obama kashinda, na nilivyosoma siku ile hata ukumbini hakuwepo. Kawa rais wa pili wa Marekani kuwa na Emmy, wa kwanza ni Eisenhower ambaye walimpa ya heshima mwaka 1956. Alafu raundi iliyofuata Obama akachukua nyingine kwa kusimulia sirizi ya maisha ya watu makazini, Working. Mtu kaongoza nchi miaka minane, kastaafu, kaenda kuchukua kazi za watu wa sauti. Ajira hizi jamani.

Mi nilikuwa upande wa Lupita, naomba nieleweke. Obama sauti anayo, na vile vituo vyake anavyovuta pumzi kama anahutubia hata akimuongelea kobe. Lakini ile Serengeti ina kitu kingine. Waliobuni ni John Downer, mtu wa filamu za wanyama, na Simon Fuller, yule yule aliyeanzisha Pop Idol na American Idol, na unaona kabisa mkono wa mtu wa mashindano umepita pale, maana wanyama wamefanywa kama tamthilia ya saa tatu usiku. Wana majina, na majina ni yetu. Simba jike anaitwa Kali, kafukuzwa na ndugu zake kwa sababu kazaa na dume la nje. Nyani anaitwa Bakari, kaporwa mpenzi. Fisi anaitwa Zalika. Kule Uingereza waliposikiliza kwenye BBC sauti ilikuwa ya John Boyega, Marekani kwenye Discovery wakaweka ya Lupita, simba wale wale, machozi yale yale, sauti mbili. Kuna wataalamu wa wanyama walioguna kwamba mnawapa nyani mawazo ya binadamu, na mi nawaelewa, lakini Bakari akikaa peke yake juu ya jiwe sauti ikashuka, sayansi yote inaondoka.

Mi nimezaliwa Mwanza. Serengeti nimeiona mara nyingi kuliko Wazungu wengi, ila kwa dirisha la basi la kwenda Musoma. Ukishapita Lamadi unakuta geti la Ndabaka pale kulia, ukiwa na bahati unaona nyumbu au pundamilia wamesimama mbali, kondakta anapiga kelele haya tazameni bure, basi. Ndani sijaingia mpaka nimekuwa mtu mzima. Kwa hiyo kuingia Serengeti mara ya kwanza kwangu ilikuwa kwa sauti ya mtu, kwenye tivii. Na hapo ndipo nikamkumbuka yule kaka.

Mtaa wetu Mabatini kulikuwa na kibanda umiza. Wa siku hizi mnajua vibanda vya mpira, enzi zetu mchana ilikuwa muvi. Mabati, magunia dirishani ili giza liingie, mabenchi ya mbao yenye misumari, tivii moja ya inchi 21 imewekwa juu kama mungu, deki, na mlangoni mama anakusanya shilingi hamsini. Na pembeni ya tivii, kwenye kiti cha plastiki, kakaa kaka mmoja na maiki mkononi. Muvi ni ya Kichina au ya Kihindi au ya Kimarekani, haijalishi, yeye anatafsiri hapo hapo mubashara. Kichina hajui. Kihindi hajui. Kiingereza chake ni cha darasa la saba B. Lakini jamani!

Kanda za Lufufu, yule mtafsiri wa muvi, zilikuwepo, wale waliokulia Dar mtanielewa, sauti imeshaingizwa kwenye kanda unaweka tu, na Wakenya wana DJ Afro wao mpaka leo, na Waganda ma-VJ wao, wanaheshimika kama mastaa. Ila kwetu zile kanda zilikuwa zinachelewa kufika au zinafika zimechoka, kwa hiyo yule kaka ndo alikuwa Lufufu wetu. Alikuwa anawapa watu majina. Adui mkubwa kwenye muvi yoyote ni mwenye nyumba. Polisi wote ni watu wa mgambo wa soko kuu. Kuna muvi moja ya mabondia alitusimulia kwamba jamaa anapigana kwa sababu kadhulumiwa shamba na baba yake mdogo huko Magu, tukalia, nimekuja kuiangalia ile muvi miaka kumi na tano baadaye kwenye laptop ina maandishi ya Kiingereza chini, hamna shamba. Hamna baba mdogo. Jamaa alikuwa anatafuta medali tu. Nikaona wamenidhulumu, muvi ya kaka ilikuwa nzuri zaidi.

Na alikuwa anajua kunyamaza. Hilo watu hawalioni. Msimulizi mbaya anaongea muda wote, yeye likija busu au likija kaburi anaweka maiki mapajani, kibanda kizima kimya unasikia mvua kwenye bati. Nilipomsikia Lupita kwa mara ya kwanza akiacha Kali atembee na watoto wake bila neno lolote kwa sekunde kadhaa, nikajisemea huyu dada kakulia karibu na kibanda, hata kama sio kweli.

Na ukichimba historia unakuta Emmy yenyewe ilianza na mtu wa sauti. Ya kwanza kabisa, Januari 25, 1949, pale Hollywood Athletic Club, tiketi dola 5, tuzo 6 tu usiku mzima, tena kwa vipindi vya Los Angeles peke yake. Aliyepata ya mtu maarufu wa televisheni alikuwa binti anaitwa Shirley Dinsdale na mwanasesere wake Judy Splinters. Kazi yake ni ile ya kuongea bila mdomo kucheza, unaona kabisa mwanasesere ndo anakujibu. Kwa hiyo mshindi wa kwanza alikuwa binti wa watu na kipande cha mbao, na nusu ya mashabiki bila shaka walikuwa wa kipande cha mbao.

Ile sanamu nayo ina kisa, yule mwanamke wa mabawa aliyebeba atomu juu, mabawa ndo sanaa atomu ndo sayansi. Michoro 47 ilikataliwa, wa 48 ukapita, ni wa fundi mmoja wa televisheni anaitwa Louis McManus ambaye alimsimamisha mke wake Dorothy akamchora. Jina lenyewe limetoka kwenye kamera, kulikuwa na tyubu ya ndani ya kamera za zamani inaitwa image orthicon, mafundi wakaifupisha wakaiita Immy, walipoona sanamu ni mwanamke wakailainisha ikawa Emmy. Napenda sana hiki kisa kwa sababu ni jina la mafundi. Ni kama sisi tuzo yetu tungeiita Kingamuzi.

Sasa kitu ambacho kinaniumaga ni upigaji kura. Kule kuna wanachama wa chama chao zaidi ya 20,000, wamegawanywa kwa fani, na kwenye tuzo za mtu mmoja mmoja waigizaji wanachagua waigizaji, wahariri wahariri, wapiga picha wapiga picha. Wa kazi anamjua wa kazi. Sisemi hawakosei, wanakosea mpaka unashika kichwa, sirizi ya Better Call Saul iliwania mara 53 haikushinda hata moja, hamsini na tatu! The Wire, ambayo watu wanaisoma mpaka vyuo vikuu, haikupata hata ya kufutia vumbi. Lakini angalau walionyima ni mafundi wenzao.

Mi kuna mwaka rafiki yangu, mhariri wa vipindi, mtu anayelala studio kabisa, aliingizwa kuwania tuzo fulani hapa nyumbani, siitaji. Tukafurahi. Tukaambiwa mshindi ni kwa kura za SMS, kila SMS ina bei yake. Jamaa akaanza kututumia meseji, kila siku asubuhi, ndugu zangu msinisahau kura, tukachanga, shangazi zake kijijini Sengerema wakawa wanapiga kura hawajui hata mhariri ni mtu anafanya nini, mmoja akauliza si ni yule anayesoma taarifa ya habari? Akashinda mwingine mwenye ukoo mkubwa zaidi. Rafiki yangu akaniambia kaka, kazi yangu hakuna mtu hata mmoja aliyeiangalia, si aliyenipa kura wala aliyeninyima. Niliikumbuka ile sentensi kwenye zile saa tisa usiku, wakati mhariri wa Adolescence... aah hapana, ile haikatwi, sijui mhariri wake alikuwa anafanya nini pale, alikuwa anakunywa chai nadhani.

Na suala la lugha msinianzishie. Wale waliokuwa wanasema Kiswahili hakiwezi kufika kule kwa sababu Wamarekani hawasomi maandishi ya chini, mwaka ule ule 2022 Lee Jung-jae kachukua muigizaji bora wa tamthilia kwa Kikorea, Squid Game, na 2024 Shōgun, ambayo sehemu kubwa ni Kijapani, ikaondoka na tuzo 18 kwa msimu mmoja, rekodi. Sisi mpaka sasa kwenye orodha nilizozisoma Kiswahili chetu nimekikuta kwa simba na nyani. Kali, Bakari, Zalika. Sio mbaya kwa kuanzia, ila nyani anafika Hollywood kabla ya Bakari wa Buguruni, we acha tu.

Desemba nilirudi Mwanza. Kibanda kilishavunjwa zamani, pale pana duka la vifaa vya simu, lakini yule kaka yupo, ana bodaboda mbili na mvi, bado sauti ile ile nzito kama kapiga kikohozi anataka kuanza. Nikamkuta kijiweni kwake, nikamwamkia, shikamoo kaka, marahaba dogo wa mama nanii, tukakaa. Nikamwambia kaka unajua Marekani kuna tuzo ya watu wanaosimulia? Akacheka. Nikamwambia kapewa Obama. Akaacha kucheka. Obama yupi, huyu huyu? Kwa kusimulia nini? Nikatoa simu nikamwekea ile episodi ya kwanza, pale kwenye ufukwe wa Gabon, viboko wanatoka msituni wanashuka mchangani wanaingia baharini kwenye mawimbi. Kiboko baharini! Sisi wa ziwani kiboko tunamjua lakini sio huyo.

Kasikiliza kama dakika moja, kainamisha kichwa, vijana wa boda wamesogea. Alafu akanyoosha kidole akashusha sauti ya simu mpaka mwisho, Obama kimya, akakohoa kidogo, ngumi kaiweka mdomoni kama kashika maiki, akasema, "Naam wapenzi watazamaji, huyu mnayemuona ni mzee wa Ukerewe, kamkimbia mwenye nyumba miezi mitatu, na leo kaamua liwalo na liwe, anavuka."